Wanyama wanane, nyasi kavu 61: kisa kimoja cha ufugaji kwenye Stardew Valley

Kisa ni cha nani

Hiki kisa ni cha mtoto wa mama yangu mdogo, nimempa herufi T. Ameniruhusu nikiandike chote, kaomba tu jina, kazi na mji anaokaa visionekane. Anacheza kwa simu ya Android usiku akishatoka kazini, kwa muda wa saa moja, saa moja na nusu hivi, halafu analala. Mi ndo nilimwingiza kwenye hii gemu na mi ndo alikuwa ananiuliza akikwama, kwa hiyo kuna makosa humu ni ya kwangu na nitayasema yalipo.

Kwa nini nakiandika. Watu wakianza kufuga kwenye Stardew Valley karibu wote wanauliza swali moja, ninunue mnyama gani kwanza, kuku au ng'ombe, na mpaka T yamkute na mi nilikuwa nalijibu tu hivyo hivyo. Sasa hivi mtu akiniuliza namrudishia la kwangu, huyo mnyama atakula nini siku 28 za baridi.

Kwa ambaye haijui gemu yenyewe nieleze haraka. Ilitengenezwa na mtu mmoja, Eric Barone, ikatoka 2016 kwenye kompyuta, kwenye Android ikafika 2019. Unarithi shamba la babu lililojaa magugu, unalima, unavua, unachimba madini, unafuga. Mwaka una misimu minne, chipuko, joto, mapukutiko na baridi, kila msimu siku 28 na kila msimu unaanza Jumatatu (hilo la Jumatatu lishike, litarudi). Mabanda anajenga fundi Robin. Wanyama na nyasi kavu anauza Marnie, anafungua saa tatu asubuhi mpaka saa kumi, ila Jumatatu na Jumanne hauzi. Hela ni sarafu za dhahabu.

Chipuko na joto: shamba safi, sailo hakuna

T ni mtu wa usafi. Wiki mbili za kwanza alifyeka shamba zima, nyasi ndefu zote, magogo, mawe, akanitumia picha ya skrini shamba linang'aa kama uwanja wa shule siku ya kufungua. Nikamsifia. Wala sikuona tatizo lolote kwenye ile picha, na tatizo lilikuwa ndo hiyo picha yenyewe.

Iko hivi. Ukifyeka nyasi ukiwa na sailo, yaani ghala la kuhifadhi nyasi kavu, kila kishina kina nafasi nusu kwa nusu ya kukupa nyasi kavu moja, inaingia sailo yenyewe bila hata kuibeba. Ukifyeka bila sailo hupati kitu. Ile nyasi yote ya kwanza ya shamba la babu, ambayo unapewa bure, T aliifyeka ikapotea. Na sailo si ghali kwa hela, ni sarafu 100 tu, kinachowashinda watu ni vile vingine: mawe 100, udongo wa mfinyanzi 10, na vipande 5 vya shaba iliyoyeyushwa. Kipande kimoja kinataka madini ya shaba matano na kaa moja, kwa hiyo ni madini 25 na makaa 5, na kabla ya hapo uwe na tanuru, ambalo nalo linakula madini 20 na mawe 25. Kwa mtu anayeogopa mgodi hiyo ni safari ndefu. T alikuwa anaogopa mgodi.

Msimu wa joto ulipoanza alikuwa na hela ya banda la kuku, 4,000 na mbao 300 na mawe 100. Akaniandikia, "Kaka nianze sailo au banda?" Nikamjibu banda, kuku wataleta hela ya sailo. Nilijibu harakaharaka nikiwa kwenye daladala. Hela ya sailo alikuwa nayo tayari, alichokosa ni shaba, na kuku hawatagi shaba.

Akanunua kuku wanne, 800 kila mmoja, akawapa majina ya vitafunio, Kachori, Sambusa, Bagia na Kalimati. Msimu wa joto ukaenda vizuri kabisa, nyasi zilikuwa zimeanza kurudi kidogo pembeni mwa shamba, kuku wanatoka asubuhi wanakula nje wanarudi jioni, mayai kila siku. Ila kuna kitu aliniambia kipindi kile ambacho wote wawili tulikipita. Alisema siku ikinyesha kuku kesho yake hawatagi. Akadhani ni mvua tu inawaharibia hamu. Kumbe siku ya mvua wanyama hawatoki, wasipotoka hawali nyasi ya nje, na kwenye kihori cha banda hakukuwa na kitu kwa sababu sailo hakuna. Wale kuku walikuwa wanalala njaa kila siku ya mvua.

Huyo kuku wa siku ya mvua alikuwa anatuonyesha baridi itakavyokuwa, siku moja moja, kwa bei ya yai moja. Tungemsikiliza mapema huu uchambuzi usingekuwepo.

Mapukutiko: kununua, kupoteza, kununua tena

Hela ya bluberi za msimu wa joto ilimpa zizi, 6,000 na mbao 350 na mawe 150, pamoja na ndoo ya kukamulia, 1,000. Siku ya 5 akanunua ng'ombe wawili, siku ya 13 wawili tena, 1,500 kila mmoja. Wanakuja ndama, wanakua siku tano. Mmoja wa wale wa pili alimwita Tausi.

Sasa shaba ikawa inamsumbua kweli maana wanyama wameshakuwa wanane, nyasi za pembeni zinapungua kwa macho, na akaamua liwalo na liwe anaenda mgodini. Siku ya 17, Jumatano, alivuna maboga asubuhi, akaona saa tisa alasiri ameshamaliza, akafunga mlango wa zizi kabisa ili akirudi usiku asianze kuhangaika nao, akaondoka. Karudi kama saa sita usiku na madini yake, kalala.

Tausi alikuwa nje. Ile saa tisa wanyama bado wanakula, wanarudi wenyewe jioni. Mlango ukiwa wazi kila mnyama anaingia bila wewe kufanya chochote. Ukiufunga na mmoja yuko nje, huyo analala nje, hali yake ya moyo inashuka sana, na kuna uwezekano usiku mnyama wa porini akamshambulia. Ndo kilichotokea. Asubuhi ya tarehe 18 gemu ikamwambia, na zizini wakawa watatu.

T aliacha kucheza siku mbili. Nilimpigia simu akasema, "Kaka mi ndo nimemfungia nje." Najua wapo watakaosema ni ndama wa kwenye simu, lakini ukishampapasa mnyama kila asubuhi na ukampa jina si jambo dogo, na mi nadhani hiyo huzuni ndo inayofanya ufugaji kwenye hii gemu uwe na maana.

Tarehe 19 akampa Robin kazi ya sailo, ikaisha tarehe 21. Akafyeka sehemu kubwa ya nyasi zilizobaki shambani. Akapata nyasi kavu 61, sailo inabeba 240.

Hapa ndo pa kusimama kidogo. Tarehe 21 mapukutiko, ana wanyama saba, nyasi kavu 61, na hela ya maboga 42 kwa 320 kila moja, zaidi ya 13,000 pamoja na maziwa yaliyokuwa yanaingia. Zimebaki siku saba baridi ifike. Mnyama mmoja anakula moja kwa siku. Saba mara 28 ni 196. Pengo ni 135, Marnie anauza 50 moja, yaani 6,750. Nusu ya hela yake ingemaliza habari yote siku ile ile.

Badala yake tarehe 24 akampa Robin 12,000 na mbao 450 na mawe 200 apanue zizi, tarehe 26 likaisha, siku hiyo hiyo akanunua mbuzi kwa 4,000, akamwita Zawadi. Baridi ilimkuta na sarafu 1,900.

Alikuwa na sababu na si ya kijinga. Kwenye jumba la jamii kuna chumba cha ghala la chakula, ukikamilisha mafurushi yake, yaani orodha za vitu unavyotakiwa kutoa, unapewa banda la kioo, unalima humo mwaka mzima hata theluji ikianguka. Moja ya mafurushi ni la wanyama, linataka vitu vitano kati ya sita: maziwa makubwa, yai kubwa la kahawia, yai kubwa jeupe, maziwa makubwa ya mbuzi, sufu, yai la bata. Mbuzi anapatikana zizi likishapanuliwa. T aliwaza kwamba akipata mbuzi sasa hivi, baridi analima kwenye kioo na shida ya hela inaisha. Mi nilijua anafanya hivyo. Sikumwuliza sailo ina ngapi.

Wiki ya njaa

Asubuhi ya baridi siku ya 1 nyasi zote za shamba zimeondoka. Hazijafunikwa, zimeondoka, na hazikuwa zinaota tena mpaka chipuko (gemu ilikuwa hivyo kabla ya toleo la 1.6 la 2024). Wanyama nao hawatoki hata ukiwafungulia. Kila mdomo sasa unategemea kihori, na kwa mabanda ya ngazi ya chini unajaza kihori kwa mkono, unachukua kwenye kile kitoleo ukutani unaweka nafasi moja moja.

Nane kwa siku. Siku saba ni 56. Zikabaki 5.

Jumatatu tarehe 8 aliamka kitoleo kikampa tano basi. Hiyo siku ndo tamasha la barafu kule msituni, na hata bila tamasha ni Jumatatu, Marnie hauzi. T akagawa hivi, nne kwa kuku, moja zizini. Alisema kuku ndo wa kwanza kufika kwake. Jumanne tarehe 9 Marnie hauzi tena na hakukuwa na kitu cha kugawa. Jumatano asubuhi nikapata ujumbe, "Kaka, hakuna yai hata moja, hakuna maziwa, wote wana sura ya huzuni, hii gemu imeharibika?"

Nikamwomba picha mbili, ya sailo na ya hela. Sifuri, na 2,300.

Mnyama hafi njaa kwenye Stardew Valley, hilo lieleweke maana T alikuwa anaogopa ataamka hawapo. Ila asipokula hatoi kitu kesho yake, na mapenzi yake kwako yanashuka pointi 20 kwa kila usiku wa njaa. Ukimpapasa unapata 15. Maana yake hata ungewapapasa wote kila siku, njaa inakurudisha nyuma tano kila siku, na mapenzi ndo yanayoleta maziwa makubwa na mayai makubwa ambayo T alikuwa anayatafuta kwa ajili ya lile furushi. Yaani alimnunua mbuzi ili apate furushi, na kumnunua huko ndo kulikomaliza hela ya chakula cha wanyama wengine saba, ambao mayai na maziwa yao yanatakiwa kwenye furushi hilo hilo.

Tulichoamua na kwa nini

Njia ya kwanza T aliyoitaja ni kuuza. Nikamkatalia, kwa hesabu. Bei ya kumuuza mnyama inatokana na mapenzi, unachukua pointi za mapenzi unagawa kwa 1,000, unajumlisha 0.3, halafu jumla hiyo unazidisha kwa bei ya kumnunulia. Mnyama wa mioyo mitano yote (mioyo ndo kipimo cha mapenzi kwenye gemu) anauzwa juu ya bei uliyomnunulia, asiyekupenda kabisa unapata asilimia 30. Zawadi alikuwa hajafika hata moyo mmoja, kwa hiyo mbuzi wa 4,000 angeuzwa chini ya 2,000. Kuuza mnyama mgeni ni kutupa hela, na kuuza mzoefu ni kutupa miezi ya kupapasa.

Ya pili ilikuwa ni nani ale kwanza. Kwa 2,300 unapata nyasi kavu 46, na nane kwa siku hizo ni siku tano na kidogo. Nikamwambia hivi, dada, ikitokea hazitoshi zizi linajazwa kwanza. Maziwa ya ng'ombe ni 125, yai ni 50, na wote wawili wanakula nyasi ya 50. Ng'ombe akila anakurudishia chakula chake na 75 juu. Kuku ukiuza yai bichi anakurudishia chakula chake na sifuri.

Alikaa kimya muda. Halafu akaandika, "Kwa hiyo kuku wangu hawana faida yoyote?"

Hapo ndo tukafika kwenye uamuzi ambao kwa maoni yangu uliokoa msimu. Nikamwuliza kwenye masanduku yake ana fuwele ya ardhini ngapi. Akaenda kuangalia. Alikuwa nazo mbili, amezitupia humo tangu alipoenda mgodini, hajui kazi yake. Mashine ya mayonesi inataka mbao 15, mawe 15, fuwele moja ya ardhini na kipande kimoja cha shaba, na unaruhusiwa kuitengeneza ukifika ngazi ya 2 ya ukulima, ambayo alishaipita zamani. Akatengeneza mbili usiku ule ule. Yai linaingia 50 linatoka mayonesi 190, saa tatu za kwenye gemu tu. Kuku yule yule, nyasi ile ile, faida kutoka sifuri ikawa 140.

Jibini nayo ingesaidia lakini mashine yake inataka ngazi ya 6 na mbao ngumu 10, hakuwa na hata kimoja, tukaiacha.

Tatu, ratiba ya dukani. Jumapili ndo siku ya kununua, na unanunua ya Jumapili, Jumatatu na Jumanne, kwa wanyama nane ni 24, yaani 1,200 iwe mfukoni kila Jumapili kabla ya saa kumi jioni. Wanyama wanakula usiku ukishalala, kwa hiyo Jumatano haina shida, unaweza kwenda Marnie akifungua ukarudi ukajaza mchana na bado wakalala wameshiba. T aliandika "J2 = 24" kwenye karatasi akaibandika nyuma ya kava ya simu. Jumapili nyingine nilimkumbusha akanitumia picha ya hiyo karatasi.

Kifaa cha kupasha joto, 2,000 kila banda, alikitaka siku ile ile kwa sababu wanyama walikuwa na huzuni. Nikamwambia asubiri. Kinasaidia kweli hali ya moyo wakati wa baridi, lakini mnyama mwenye njaa kwenye banda la joto bado ana njaa.

Na siku zisizo na kazi shambani akashuka mgodini, maana baridi hakuna cha kumwagilia na hofu ilikuwa imepungua.

Matokeo

Kuanzia tarehe 10 hakuna mnyama aliyelala njaa tena. Mayonesi nne ni 760 kwa siku, maziwa matatu 375, Zawadi anatoa kila baada ya siku moja maziwa ya 225. Toa 400 ya nyasi, zinabaki kama 800 na kitu kila siku. Tarehe 21 akanunua kipasha joto cha zizi. Alimaliza baridi akiwa na zaidi ya 13,000 pamoja na mauzo ya mgodini.

Banda la kioo hakulipata ile baridi. Yai la bata linataka banda la kuku lililopanuliwa, sufu ya kondoo inataka zizi la ngazi ya juu kabisa, na mpaka hela inakusanyika baridi ilikuwa inaisha. Mwaka wa pili chipuko akapanua la kuku kwa 10,000, akanunua bata, na furushi la wanyama likakamilika katikati ya msimu.

Tausi hakurudi, hakuna namna ya kumrudisha. Hakumpa mnyama mwingine lile jina.

Uchambuzi

Kosa la msingi ni mpangilio wa ujenzi, na lilianza siku ya kwanza kabisa kabla hata hajawaza kufuga. Mimi sasa namwambia yeyote anayeanza asifyeke nyasi ndefu mpaka sailo isimame, afyeke njia ya kupita na sehemu ya kulima basi. Ile nyasi iliyobaki ni akiba iko shambani, inazidi kusambaa yenyewe misimu mitatu, na haina gharama. Kwa nafasi ya nusu kwa nusu, nyasi kavu 224 za wanyama wanane zinataka vishina kama 450, na shamba jipya ambalo halijaguswa ukiliacha likue hizo unazipata.

Ukitazama vizuri hata kifo cha Tausi kimetoka hapo hapo. T alifunga mlango saa tisa kwa sababu alikuwa anawahi mgodini, alikuwa anawahi mgodini kwa sababu ya shaba ya sailo, na shaba ya sailo ilikuwa ni kazi ya chipuko ambayo mi nilimwambia kuku wataifanya. Mlango ni kosa lake, haraka ni yetu wote. Kuhusu mlango wenyewe, kwa anayesahau ni bora uachwe wazi kila siku kuliko kuufunga mapema.

Kingine ni kumaliza hela wiki ya mwisho ya mapukutiko. Hapa sitaki kumlaumu sana, kupanua kunavutia, unaona boga zimeingia, unaona nafasi nne zaidi zizini, unaona ahadi ya banda la kioo. Lakini hebu ona hilo lengo lilivyokuwa mbali. Mbuzi wa tarehe 26 anakua baridi siku ya 3, halafu anahitaji mapenzi ndo atoe maziwa makubwa, halafu bado bata au kondoo. Haikuwezekana baridi ile kwa namna yoyote, na kwa dakika tano za kuhesabu tungeliona. Angeacha zizi lilivyo, akanunua nyasi 135, angeingia baridi na sailo iliyotosha na zaidi ya 11,000 mfukoni.

Bibi yangu alikuwa na ng'ombe wawili wa kufungia ndani. Mahindi yakivunwa tu anatuma watoto wote wakusanye mabua, anayapanga juu ya dari ya zizi mpaka yanagusa bati, na kama mabua ya mwaka huo ni machache alikuwa anasema mapema kabisa mtamba mmoja auzwe sasa akiwa mnene, si Septemba akiwa mifupa. Alikuwa anaangalia dari kabla ya kuangalia ng'ombe. Nilikua nikimwona anafanya hivyo kila mwaka na bado sikumwuliza T dari yake ina ngapi, nadhani kwa sababu niliichukulia hii kama gemu tu, na gemu yenyewe imetengenezwa na mtu aliyelifikiria hilo vizuri kuliko mimi.

Kilichofanya kazi zaidi ni mayonesi, na hapa napenda watu waelewe sababu, si kunakili tu. Msimu wa joto kuku anakula nyasi ya bure, yai bichi la 50 ni faida yote. Baridi chakula kina bei na yai ni lile lile. Usindikaji ambao wakati wa joto ulikuwa ni nyongeza nzuri, wakati wa baridi ndo tofauti kati ya kufuga na kulisha bure. Kama T angekuwa na zile mashine tangu msimu wa joto, hata nyasi zote angenunua dukani asingeyumba. Fuwele zilikuwa kwenye sanduku muda wote.

Kugawa zile tano za Jumatatu kwa kuku badala ya ng'ombe kulimgharimu maziwa matatu ya asubuhi moja, si hela nyingi. Sikumsema kwa hilo. Kuku walikuwa wa kwanza kufika kwake, na kuna watu wanaocheza hivyo na wana haki.

Ushauri wangu mmoja ambao sina uhakika nao mpaka leo ni ule wa kipasha joto. Nilimchelewesha siku kumi na moja. Nadhani ilikuwa sawa kwa hela aliyokuwa nayo, ila tungekinunua tarehe 15, wiki ya kwanza hela ilipotulia, pengine maziwa makubwa yangekuja mapema zaidi.

Alipo sasa

T yuko mapukutiko ya mwaka wa pili. Ana sailo mbili, zote zimejaa, 480, na upande wa kusini wa shamba hajaugusa tangu nyasi ziliporudi siku ya kwanza ya chipuko, unaonekana kama pori. Wanyama ni kumi na wawili. Juzi usiku kaniandikia anataka nguruwe wawili, 16,000 mmoja, na zizi lipandishwe ngazi ya juu kwa 25,000, kwa sababu ameona bei ya uyoga wanaofukua. Nikaanza kumwandikia kwamba baridi nguruwe hawafukui chochote, wanakula tu, kabla sijatuma ujumbe wake mwingine ukaingia: "Kumi na nne mara 28 ni 392. Zinatosha kaka, nimehesabu. Ila nitasubiri chipuko, baridi wasingenifukulia kitu."